Matundu Yenye Pembe

Bi Msasa si mtu wa kujisifu. Lakini kuhusu lile jiwe la buluu atakusimulia hata kwenye foleni ya benki, na akishaanza haachi mtu aende zake. Tena anaanzia mbali, kwenye ndoo na tambara, wakati jiwe lenyewe lilikuwa bado limelala ardhini halina habari. Basi na sisi tuanzie huko huko, maana ukimkatisha anakasirika, na akikasirika anarudi mwanzo.

Aliingia kwenye ile maabara ya mawe akiwa mfagiaji. Alikuwa na miaka ishirini na mitatu, mtoto mmoja mgongoni na mwingine njiani, na kazi yake ilikuwa kupiga deki na kufuta madirisha ya ghorofa ya chini. Huko chini ndiko kulikokuwa na karakana: chumba kirefu chenye dirisha moja pana, meza ya zege, msumeno wa kukatia mawe, sahani ya chuma inayozunguka, na makopo ya unga wa kusagia yaliyopangwa kuanzia ule wa kukwaruza mpaka ule laini kama poda ya mtoto. Mwenye chumba alikuwa fundi mmoja mwembamba, miwani yake imefungwa kwa kamba ya kiatu, ambaye jengo zima lilimwita Fundi Makini. Jina la kuzaliwa alikuwa nalo, lakini liliishi kwenye karatasi za mshahara na halikutoka nje.

Kazi yake ukiitaja harakaharaka inachekesha. Analetewa jiwe, analisaga upande mmoja mpaka liwe sawa, analibandika kwenye kioo kidogo kwa gundi, kisha anasaga upande wa pili, anasaga, anasaga, mpaka jiwe linabaki jembamba kuliko unywele na mwanga unapita ndani yake. Karakana nzima wanakiita kipande hicho ganda, kwa kukifananisha na ganda la kitunguu. Ganda linapelekwa ghorofani kwa wataalamu, nao wanaliweka chini ya hadubini na kusoma jiwe limeundwa na nini. Ukisaga pungufu hawaoni kitu. Ukizidisha kidogo tu, jiwe lote limekwenda na maji, umebaki na kioo kitupu na aibu yako.

Siku hiyo Bi Msasa alikuwa anafuta lile dirisha pana, akahisi kuna mtu nyuma yake. Kugeuka, ni Fundi, mikono mgongoni, anamwangalia.

"Nani kakufundisha kufuta kioo hivyo?"

"Hakuna, mzee. Kwani nimekosea?"

"Unaanza pembeni unakuja katikati, na hukandamizi. Huo si mkono wa ufagio. Weka tambara chini uje huku."

Ilikuwa kama mchezo, lakini mzee hakuwa na mchezo. Alimfuata Mkuu wa maabara mara tatu, mara ya tatu akamwambia kwamba asipopewa yule binti na yeye atachukua ufagio. Akapewa. Mwaka mzima wa kwanza hakumruhusu aguse jiwe la mtu; alimsagisha vigae vilivyovunjika vya vyoo vilivyokuwa vinakarabatiwa ghorofa ya pili. Vidole vyake vilichubuka, vikapona, vikachubuka tena, mwisho vikawa vigumu hata mtoto akikunwa mgongo analia. Hapo ndipo Fundi alipomwita Msasa, na jina likamganda mpaka leo.

Jambo moja analikumbuka kuliko yote. Alipoharibu ganda, na aliyaharibu mengi, mzee hakufoka. Aliliinua kwenye mwanga, akalitazama kwa heshima zote kama vile lilikuwa zima, akalirudisha mezani na kusema, "Basi. Anza upya." Hayo tu. Wengine wangemtolea matusi ya nguoni. Kwa kazi hiyo watoto watatu walisoma, nyumba ikajengwa mpaka juu, na Bi Msasa anasema waziwazi kwamba hakuna chakula kilichowahi kuwekwa mezani kwake ambacho hakikupitia kwanza mikononi mwa mzee yule.

Sasa, Fundi Makini alikuwa na tabia yake moja. Kabla hajakata jiwe lolote, alilinusa, akaligonga kwa ukucha, halafu, kama hakuna mkubwa karibu, akaligusa kwa ncha ya ulimi. Wataalamu walijua na walimcheka sana. Walimuuliza kama leo kuna chumvi ya kutosha. Bi Msasa naye alikuwa akimsonya.

"Fundi, utakuja kulamba sumu tukuzike."

"Nasalimiana na mgeni," alijibu, akatema mate kwenye beseni na kuendelea na kazi zake.

Walikuwa wamefanya kazi pamoja miaka tisa, chanda na pete, lilipoletwa sanduku namba kumi na saba. Lilikuwa na mawe marefu ya mviringo, yaliyotolewa na mashine ya kuchimba kutoka chini sana. Ghorofani walitaka maganda arobaini, na waliyataka jana. Fundi akasalimiana na jiwe la kwanza, akakunja uso. "Hili linauma ulimi," alisema. Kisha akafungulia maji kwenye msumeno, maana jiwe hukatwa kwa maji na kusagwa kwa maji ili lisichome chuma, akaanza.

Maganda yote arobaini yalitoka na matundu. Matundu madogo, yametawanyika kama vile panya kapita. Wataalamu wakayarudisha. Mzee akarudia, matundu yale yale. Akarudia mara ya tatu, akisaga taratibu hata Bi Msasa akachoka kumtazama, na matundu hayakwenda popote. Mkuu akashuka mwenyewe.

"Kuna kitu humu kinaondoka," Fundi alimwambia. "Sijui ni nini, lakini kinaondoka."

"Kinachoondoka ni mkono wako, mzee," Mkuu alijibu, mbele ya watu.

Unajua watu walivyo. Wiki haikuisha, Fundi Makini akawa Fundi Matundu. Walisema kwa kicheko, kwenye korido, wakijifanya hawajamwona anapita.

Na hapa ndipo Bi Msasa anaposhusha sauti, kama bado yuko kwenye foleni ya benki hata ukimkuta nyumbani kwake. Alasiri moja Mkuu alimwita pembeni, penye ngazi. Akamuuliza, "Wewe unakaa naye kutwa nzima. Niambie ukweli. Mikono yake inatetemeka?" Yeye akawaza watoto. Akawaza kwamba akimtetea mzee, huenda wote wawili wakaonyeshwa mlango. Akawaza pia, na hili ndilo linalomuuma, kwamba huenda kweli inatetemeka. Mzee alikuwa ameanza kuzeeka, na matundu yalikuwepo, si aliyaona kwa macho yake. Akasema, "Kidogo."

Neno moja. Mwisho wa mwezi Fundi Makini alistaafishwa kabla ya wakati, akapewa saa ya ukutani na soda. Sanduku namba kumi na saba likapandishwa juu ya kabati, limeandikwa kwa chaki: mawe mabovu. Bi Msasa akakalia kiti cha mwalimu wake. Alikwenda kumwona mara mbili mwaka ule, na mara zote mbili akaambiwa mzee hajisikii vizuri. Mara ya tatu hakwenda. Alijiambia kwamba ameheshimu matakwa ya mzee, na moyoni alijua kuwa amepata nafuu kutokutazamana naye. Lile neno hakumwambia mtu yeyote, hata mumewe.

Ikapita miaka ishirini na moja.

Mkuu yule aliondoka, wakaja wengine, na mwaka juzi akaja Dokta. Huyu ni mtaalamu wa mawe, binti mdogo mwenye sauti ndogo na maswali makubwa, wa kupanda juu ya kiti kuona kuna nini juu ya kabati. Akashusha sanduku namba kumi na saba, akalipuliza vumbi, akashuka nalo karakana.

"Bi Msasa, naomba maganda matatu tu ya haya. Gundi nyeupe."

Hilo la gundi lishike. Karakana ina gundi ya aina mbili. Kuna nyeupe, inayopitisha mwanga kama kioo, na kuna ile iliyotiwa rangi ya buluu, ambayo huingizwa kwenye matundu ya jiwe ili wataalamu waone yalipo. Kwa hiyo mtu wa maabara akichungulia hadubini akaona buluu, hashangai. Anajua ni gundi tu.

Bi Msasa alikata, akasaga, akaosha, akainua kwenye mwanga. Matundu. Akafunga mlango, akalaza kiganja mezani, akaweka bilauri ya maji juu ya mgongo wa mkono wake, akahesabu mpaka mia. Maji hayakucheza. Akasaga ganda la pili. Matundu. Akajisemea kwamba zamu yake imefika, sasa ataitwa Bi Matundu, na haki ya Mungu anastahili.

Kisha akakumbuka, linauma ulimi.

Mlango ulikuwa bado umefungwa, kwa hiyo hakuna aliyemwona mama mtu mzima, bibi wa wajukuu wanne, akichukua jiwe la serikali na kulilamba. Liliuma kweli, kama kulamba betri ya redio. Akakaa nalo mkononi. Chumvi nayo huuma ulimi, akawaza, na chumvi ukiimwagia maji inakwenda wapi? Akageuka kutazama bomba la maji juu ya msumeno, lile lililomwagia kila jiwe kwa miaka thelathini, likimwaga mbele ya macho yake na ya mzee.

Mume wake ni fundi cherehani. Asubuhi iliyofuata chupa yake ya mafuta ya mashine ilikuwa haionekani.

"Mafuta yangu yamekwenda wapi?" aliuliza jioni.

"Kazini kwangu."

"Mmeanza kushona nguo za mawe?"

Kwa siku tatu Bi Msasa hakugusa msumeno wala bomba. Alivunja kipande kwa nyundo, akakisaga kwa mkono juu ya kioo, kwa unga uliolowekwa mafuta ya cherehani, akafuta kwa pamba kavu. Ganda lilipokamilika, hakuliinua kwenye mwanga. Aliogopa. Alilipeleka ghorofani vile vile na kulikabidhi kama mtu anayekabidhi barua isiyo yake.

Dokta akaliweka chini ya hadubini. Akazungusha, akazungusha tena, halafu akainua uso, amekereka kidogo lakini kwa adabu.

"Bi Msasa, si nilikuomba gundi nyeupe?"

"Nimeweka nyeupe."

"Mbona matundu yote yamejaa buluu?"

Bi Msasa alishuka ngazi, akapanda na chupa ya gundi ya buluu, akaiweka mezani. Ilikuwa mpya, haijafunguliwa, utepe wa kiwandani bado uko shingoni. Dokta akaitazama chupa, akamtazama yeye, akarudi kwenye hadubini kama mtu aliyesukumwa. Alikaa pale saa nzima. Alipomaliza, alimvuta Bi Msasa achungulie na yeye, na huyu mama aliyetengeneza maganda maelfu kwa maelfu akaona kitu ambacho hakuwahi kukiona: chembe za buluu, nzito, safi, zimekaa katikati ya jiwe la kijivu, na kila chembe ina pembe sita.

Wakayatoa maganda ya zamani stoo, yale ya mzee, wakayaweka pembeni. Matundu yake nayo yalikuwa na pembe sita. Kila moja.

"Mkono unaotetemeka," Dokta alisema polepole, "hauchimbi tundu la pembe sita. Sasa hawa watu walikuwa wanaangalia nini?"

"Walikuwa wanamwangalia yeye," Bi Msasa alijibu, na ilibidi atoke nje kidogo.

Vipimo vilikwenda kwenye maabara nyingine, vikarudi, vikaenda tena. Mwaka karibu mzima. Jibu likaja kwamba hilo ni jiwe la madini mapya, halijaandikwa popote, na kwa hiyo halina jina. Dokta alishuka karakana mwenyewe kulisema, anashindwa kusimama sehemu moja. Alieleza kwamba aliyelichunguza haruhusiwi kulipa jina lake mwenyewe. Lakini anaweza kulipa la mtu mwingine aliyestahili, na mtu huyo akiwa hai, lazima atie sahihi kwamba amekubali. Ndipo kamati ya majina ya madini itazame.

"Mimi nimeshaamua," alisema. "Msasaiti."

"Watu watadhani ni ugonjwa wa ngozi," Bi Msasa alisema, akacheka mpaka akashika mbavu.

Alicheka, ndiyo. Lakini jina lilimkaa. Alipofika nyumbani aliliandika nyuma ya risiti, akalitazama, akaificha risiti ndani ya kopo la sukari. Mumewe aliikuta wakati anatia sukari kwenye chai, akaisoma kwa sauti mara mbili, akasema lina uzito wake. Siku mbili nzima Bi Msasa alitembea akiwa Msasaiti, na mimi simlaumu. Ungekuwa wewe ungeshachapisha fulana. Siku ya tatu alikuwa anafuta meza ya zege, anaanzia pembeni anakuja katikati, mkono ukagoma. Hakuwa yeye aliyesema linauma ulimi. Hakuwa yeye aliyesema kuna kitu kinaondoka. Yeye alichosema ni neno moja, "kidogo".

Akapanda ghorofani.

"Jina si langu," alimwambia Dokta. "Kuna mwenyewe, na yuko hai."

"Atakubali kutia sahihi?"

"Nasikia hataki hata kusikia neno jiwe."

Jumamosi asubuhi alibisha hodi nyumbani kwa Fundi Makini. Mfuko mmoja tu mkononi. Aliyefungua ni binti wa mzee, nesi, mwenye upole wa watu wanaoamka mapema. Alimkaribisha barazani, na kabla ya kwenda kumwita baba yake akamnong'oneza, ili asije akashangaa.

"Ukiona namtilia chai nusu kikombe, usidhani nina mkono wa birika. Ndivyo anavyotaka mwenyewe tangu alipoacha kazi. Anasema kikijaa atamwaga. Wanangu wote wawili hajawahi kuwabeba, walipokuwa wachanga. Alikuwa anasema mikono yake si ya kuaminiwa."

Bi Msasa anasema hapo alitamani kurudi nyumbani.

Kutoka chumbani ikasikika sauti. "Kama ni mtu wa maabara, mwambie nimelala."

"Shikamoo, Fundi," Bi Msasa aliita. "Usingizi wako una maneno mengi."

"Marahaba, Msasa. Mawe sitaki."

"Sikuja na mawe kwanza. Nimekuja na neno."

Akatoka. Alikuwa amepungua, nywele nyeupe kabisa, miwani mingine lakini kamba ile ile. Akakaa, viganja amevifungia katikati ya magoti kama mtu anayehisi baridi. Binti akaleta chai, kikombe kizima kwa mgeni, nusu kwa baba yake. Bi Msasa alipiga moyo konde akasema, maana alijua akianza na kusalimia wajukuu hatasema kamwe.

"Mkuu aliniuliza kama mikono yako inatetemeka. Mimi nikamwambia kidogo."

"Najua," mzee alisema.

"Nani alikwambia?"

"Yeye mwenyewe. Nilikuwa nimekataa kuondoka. Nilimwambia nitasaga mbele yake, nitasaga mbele ya jengo zima. Akaniambia, hata mwanafunzi wako amekubali." Alitazama chai yake. "Hao wengine wote ningebishana nao mpaka kesho. Lakini wewe nilikufundisha mimi kuangalia. Nikasema, kama Msasa ameona, basi ipo."

Bi Msasa alidhani kwa miaka yote hiyo kwamba neno lake lilimtoa mzee kazini. Kumbe lilifanya zaidi ya hapo. Alilia, na hakujificha, na mzee hakumzuia. Alipopata sauti alifungua mfuko, akatoa kichupa chenye pamba kavu na kipande cha jiwe ndani yake, na boksi la maganda mawili: lake, na moja la zamani lenye mwandiko wa mzee kwenye lebo.

"Weka mezani," mzee alisema haraka. "Nisije nikaangusha."

Akaweka mezani, akaeleza. Maji. Mafuta ya cherehani. Gundi ambayo haikufunguliwa. Pembe sita huku, pembe sita huku. Mzee alisikiliza bila kumkatisha, na alipofika kwenye kulamba, aliinua macho kwa mara ya kwanza.

"Umelionja?"

"Nimelionja."

"Linauma?"

"Kama betri ya redio."

"Eeh," mzee alisema. "Kama betri ya redio." Halafu mabega yakaanza kutikisika, na binti yake akainuka kwa hofu, mpaka alipogundua kwamba baba yake anacheka. "Kwa hiyo mimi nimefukuzwa kazi na bomba la maji."

Viganja vilitoka katikati ya magoti. Akachukua ganda la Bi Msasa kwa vidole viwili, kwenye kingo, kama alivyomfundisha, akainuka nalo mpaka dirishani, akaliinua. Nuru ilikuwa nyingi asubuhi ile. Hata bila hadubini chembe zilionekana, vidoa vidogo vya buluu. Alilitazama muda mrefu sana, na lile la zamani pia.

"Hapa katikati umesaga kupita kiasi," alisema.

"Ndiyo, Fundi."

"Pamoja na hayo, ni kazi nzuri."

"Fundi, nisamehe. Na asante. Kwa lile dirisha, kwa vigae, kwa kila kitu. Sikuwahi kukwambia."

Mzee aligeuka, akamtazama kama alivyokuwa akiyatazama maganda yaliyoharibika, kwa heshima zote. Akarudisha ganda mezani taratibu.

"Basi," alisema. "Anza upya."

Karatasi ya Dokta ilikuwa imekunjwa chini ya mfuko. Ilisema kwamba jiwe litaitwa makinaiti, kutokana na jina ambalo wafanyakazi wenzake walimpa fundi kwa uangalifu wa kazi yake, naye ndiye wa kwanza kutambua, kwa ulimi, kwamba ndani ya jiwe lile kuna kitu kisichojulikana. Bi Msasa aliisoma kwa sauti. Ilibidi arudie ile sehemu ya ulimi, mzee aliipenda. Binti alikwenda kabatini kuleta kidau cha wino, maana miaka yote hiyo baba yake alikuwa anatia dole gumba, hata kwenye pensheni.

"Hiyo ya nini?" mzee aliuliza. "Nipe kalamu."

Akatia sahihi. Ilichukua muda, na herufi ya mwisho iliyumba kidogo kama herufi ya mzee yeyote wa miaka themanini, wala hakuiomba radhi.

Kamati ilikubali baada ya miezi mitano, na kipande kikubwa kuliko vyote sasa kimo ndani ya kasha la kioo, na chini yake pameandikwa makinaiti na onyo la kutokulisogezea maji. Lakini Bi Msasa akisimulia hafiki huko kwenye kasha. Yeye anaishia pale barazani, Jumamosi ile, karatasi haijakauka. Chai ya mzee ilikuwa imepoa, binti akaimwaga akamtilia nyingine ya moto, nusu, kama kawaida yake, na alikuwa anarudisha birika mezani mzee alipomzuia.

"Jaza," alisema.

Binti akasimama na birika mkononi, hajui afanye nini.

"Jaza, mwanangu. Mpaka juu."

Akajaza. Mzee akakishika kikombe kwa mikono yote miwili, akakiinua, akanywa.